Miguu ya Kukodi

Nimewahi kuitwa mlinzi wa ghala, msaidizi wa seremala, mpokea samaki, na msimu mmoja mzima niliitwa karani wa mizani, mimi ambaye mizani yenyewe sikujua inasomwa kutoka upande gani. Katika kazi hizo zote sikufanya hata moja. Nilikuwa beki. Matajiri waliniajiri kwa jina la kazi nyingine kwa sababu hapakuwa na tajiri aliyetaka kusema mbele ya Bwana Shauri, Mzungu wa serikali, kwamba anamlisha mtu mzima kwa ajili ya kupiga mpira. Basi asubuhi nilikaa mlangoni mwa ghala nikitafuna punje za kahawa, desturi yetu, na jioni nilikwenda kiwanjani kufanya kile walichonitakia, yaani kuwazuia watu, na wasiozuilika kuwaangusha.

Wazee wenzangu wakikaa kwenye rubisi, pombe yetu ya ndizi, na kusimulia mpira wa enzi za Mwingereza, husimulia mafowadi. Fulani alipiga chenga watu wote mpaka golikipa akakaa chini. Fulani alipiga shuti wavu ukachanika. Nyavu zenyewe zilikuwa za kuvulia samaki na zilikuwa zimechanika tangu zamani, lakini sisemi kitu. Beki hakumbukwi na mtu, isipokuwa na yule aliyemvunja, na huyo naye hamkumbuki kwa wema.

Nilizaliwa Kitendaguro, mtoto wa pili wa kiume, na kwetu mtoto wa pili ni mtu wa kusubiri. Kibanja, na migomba yake na kahawa yake, humwendea kaka. Mdogo hupewa kipande cha pembeni, pale ambapo mbolea haifiki, naye hutakiwa kushukuru. Kaka yangu hakuwa mtu mbaya. Lakini tangu nikiwa mdogo nilimwona akitembea katikati ya migomba akiigusa kama mtu anayehesabu ng'ombe wake, na mimi nikajua kwamba nikikaa pale nitazeeka nikiomba ruhusa ya kukata mkungu.

Mpira niliujua shuleni misheni. Sikuwa na mbio, wala chenga sikuzijua. Nilichokuwa nacho ni goti. Nilijua kuliingiza kwenye mpira kwa wakati wake, nimelikunja na kuligeuza upande, hivi kwamba mpira hubaki kwangu na mwenye mpira huenda zake chini. Padri aliita jambo hilo ukatili. Watazamaji waliita kazi.

Miaka ile, baada ya vita vya Hitla, mpira ulikuwa umepanda watu kichwani. Bei ya kahawa ilikuwa imepanda pia, na wenye maghala na malori walikuwa wamekwisha kuonyeshana nyumba za mabati; sasa wakawa wanaonyeshana timu. Kila sikukuu ya Mfalme ilichezwa mechi kubwa Bukoba mjini, na tajiri ambaye timu yake ilichukua kombe alitembea mwaka mzima kifua mbele, watu wakimpisha njiani. Ndipo tajiri mmoja wa Kashai akapanda mlima kuja kwetu kuniomba. Alikuwa Mwislamu wa mjini, babu yake alikuja na misafara ya pwani, mama yake Mhaya, naye alizungumza na tata, yaani baba yangu, kwa adabu zote za Kihaya, akavua kofia, akakubali kahawa ya kutafuna, akaitafuna taratibu. Alisema anahitaji mlinzi wa ghala. Tata alimsikiliza mpaka mwisho, akamwuliza kama ghala lake linashambuliwa kila Jumapili jioni kiwanjani. Tajiri alicheka. Tata hakucheka.

Alipokwisha kuondoka, tata aliniambia maneno ambayo sikuyatia maanani.

"Mguu hauzeeki pamoja na mwenye nao," alisema. "Unamtangulia. Siku mguu ukizeeka, wewe utakuwa bado kijana, nawe utarudi hapa kumwomba kaka yako."

Nikamwambia sitarudi. Nilitaka kitu kimoja tu maishani: kazi ambayo ingebaki yangu hata siku miguu itakapokataa. Ghala la kweli, funguo za kweli mfukoni, na chumba ambacho mtu haji kunitoa mwisho wa msimu. Niliamini kwamba nikicheza vizuri vya kutosha, tajiri mmojawapo atanipa. Niliamini hivyo kwa miaka mingi, maana kila tajiri aliniambia hivyo hivyo.

Kashai nilikaa misimu miwili. Tajiri akagombana na kapteni, akaivunja timu kwa hasira, na mimi nikatolewa chumbani. Nikaenda kwa seremala mmoja mwenye timu, huko nako misumari sikuishika. Kisha nikasikia kwamba mfanyabiashara wa samaki kule Muleba anatafuta wachezaji, nikapelekwa kwa mtumbwi mpaka kisiwani Bumbire.

Sijapata kuona kiwanja cha namna ile. Kilikuwa kimeinamia ziwani, hivi kwamba timu iliyocheza kwenda chini ilikimbia kama mbuzi, na iliyocheza kwenda juu ilihema kipindi kizima. Goli la chini lilikuwa hatua chache kutoka majini. Mpira ukipita golini uliingia ziwani, na mchezo ulisimama mpaka apatikane mtu wa kuufuata, kwa sababu mamba walijulikana kuwapo. Tulicheza tumezungukwa na vichanja vya kukaushia samaki, na nguo zetu, na mikeka yetu, na hata ugali wetu, vilinuka moshi wa furu. Mwenye timu alikuwa na sababu zake za kuweka timu mahali kama pale. Wavuvi wake walikuwa wanatoroka kwa upweke, na alifikiri mpira utawashika.

Huko ndiko nilikokutana na mwenzangu. Alikuwa fowadi, mrefu, mguu wake ni wa kushoto, ametoka upande wa Kamachumu, baba yake katekista. Alikuwa na tabia ya kupiga mluzi nyimbo za kanisani huku anapiga watu chenga. Siku ya kwanza ya mazoezi nilimwangusha mara mbili. Mara ya tatu alinipita akipiga mluzi wimbo wa Bikira Maria, nami nikabaki nimekaa kwenye vumbi nikicheka. Tangu siku ile tulilala mkeka mmoja, tukala sahani moja. Alinieleza kwamba naye ni mtoto wa mtu asiye na kibanja, kwa kuwa katekista hukaa kwenye ardhi ya misheni, na akifa watoto wake hutafuta pa kwenda. Tulielewana kwa sababu hiyo kuliko kwa sababu ya mpira.

Nilipougua homa, ile inayomfanya mtu aseme na ukuta, wavuvi walisema nisubiri mtumbwi wa samaki uondoke. Mwenzangu hakusubiri. Aliniingiza katika mtumbwi wa mtu bila kumwuliza, akapiga kasia na mtu mwingine mmoja mpaka nchi kavu, na upepo ulikuwa mbaya. Kisha akanifikisha hadi Kitendaguro kwa lori la ndizi, kichwa changu kimelala mapajani mwake. Hayo siyasahau. Ningekuwa mtu wa kusahau mema, hadithi hii ingekuwa fupi.

Nilipopona, tata mwenyewe ndiye aliyesema kwamba mtu huyu si wa kuachwa aende hivihivi, afanywe munywani wangu. Kwa wasiojua mambo yetu, munywani si rafiki tu. Ni ndugu wa kuchanjiana damu, na kiapo chenyewe tunakiita omukago. Mapadri walikikataza. Tata alikuwa Mkatoliki wa Jumapili. Siku zilizobaki alikuwa Mhaya. Alituketisha kwenye nyasi mpya zilizotandikwa sakafuni, akachuma tunda la kahawa lililoiva, akalipasua. Ndani ya tunda la kahawa mna punje mbili zinazolala tumbo kwa tumbo. Alituchanja kidogo chini ya kitovu, akaipaka kila punje damu, mimi nikapewa yenye damu ya mwenzangu, naye yenye damu yangu. Punje hiyo haitafunwi. Humezwa nzima, ikae tumboni, isikilize.

Kisha tata akasema maneno yake. Akija kwako uchi, mvishe. Akija na njaa, mlishe kabla hujala. Akija anafukuzwa, mfiche. Asikuombe kitu ukamnyima. Na atakayemdhuru mwenzake, kwa mkono au kwa mguu au kwa ulimi, punje hii na ivimbe tumboni mwake mpaka impasue.

Nilimeza. Ilikwama kidogo kooni, kisha ikashuka. Mwenzangu aliinua kidevu, akafumba macho, kisha akatoka nje mbio kidogo, tukamsikia akitema mate kwenye migomba. Aliporudi alisema harufu ya damu imemtia kichefuchefu. Tukamcheka, sisi sote, na tata akacheka pia, akammiminia rubisi ya kusafisha kinywa.

Baada ya hapo mpira ulitutenganisha. Mfanyabiashara wa Bumbire alichoka, wavuvi wake wakaendelea kutoroka, timu ikafa. Mwenzangu alichukuliwa na tajiri wa malori wa Muleba, mimi nikaenda nilikoitwa. Nimecheza timu ambazo majina yake nimeyasahau. Nimecheza kwa mtu aliyetulipa kwa chumvi. Kila mahali nilipewa chumba na jina la kazi, na kila mahali msimu ulipokwisha jina lilifutwa na chumba akapewa mwingine mwenye miguu mipya. Kule Muleba nilimvunja kijana mmoja mfupa wa bega. Nilikwenda kumjulia hali na mkungu wa ndizi, mkewe akaupokea mlangoni, akautupa barabarani mbele yangu. Nilimwelewa. Lakini hakuna aliyekwenda kutupa ndizi mlangoni kwa tajiri aliyenituma, na hilo mpaka leo linaniudhi.

Tulipokutana kiwanjani, munywani wangu na mimi, mambo yalikuwa mepesi. Nilimzuia bila kumgusa, naye alinipita bila kunidhihaki, na baada ya mchezo tulikaa pamoja. Mawe, yaani mama yangu, alimfanya kuwa mwanawe kabisa. Msimu wa senene, wale panzi wa kuliwa, ukifika, alimtengea wake kando, waliokaangwa vizuri, na kaka yangu alilalamika kwamba mtu wa Kamachumu anakula kuliko wenye nyumba.

Miguu yangu ilianza kunitangulia kama tata alivyosema. Asubuhi goti lilihitaji kubembelezwa. Hapo ndipo yule tajiri wa kwanza wa Kashai akaniita tena. Alikuwa ameunda timu upya, na safari hii alikuwa na uchungu, kwa maana kombe la sikukuu ya Mfalme lilikuwa limekwenda Muleba mara mbili mfululizo kwa yule mwenye malori, na yule mwenye malori alikuwa amepita mbele ya duka lake na kombe juu ya lori akipiga honi. Tajiri wangu alininunulia njumu, viatu vya mpira vya ngozi, vya kwanza katika maisha yangu. Kabla ya hapo nilicheza peku. Alinionyesha ghala jipya, akaniwekea funguo mkononi ili nione uzito wake, kisha akazichukua.

Siku chache kabla ya mchezo aliniita barazani kwake. Aliniagizia chai ya tangawizi, akauliza habari za wazee, halafu akafika kwenye shauri lake. Alisema yule mrefu wa Muleba asimalize kipindi cha kwanza. Kombe likija Kashai, mimi ndiye nitakuwa msimamizi wa ghala, wa kweli, wa kudumu, na chumba cha nyuma ni changu mpaka nife.

Nilimwambia yule mrefu ni munywani wangu. Nilimweleza habari ya punje. Mama yake alikuwa Mhaya, nilijua anaelewa.

"Wewe mwanangu," alisema, "kahawa kwangu ni ya kuuza, si ya kuapia. Huko Muleba unadhani mwenye malori anawaambia nini watu wake?"

Nilikwenda zangu nikitembea ufukoni mpaka jua likazama, nikifikiri, na nikaamua kwamba inawezekana kuwa na vyote viwili. Nitamzuia munywani wangu kwa haki, nitakuwa kivuli chake, hatafunga, wala hataumia. Tukishinda, tajiri hataniuliza mfupa umevunjika au la. Watu wa kombe hutazama kombe. Nilijisifu kwa akili yangu. Nilisahau neno moja tu katika yale aliyosema tajiri, lile la mwisho.

Siku ya mchezo kiwanja kilijaa mpaka watu wakapanda miti. Wazungu walikaa chini ya turubai, Wahindi kwenye viti walivyoleta wenyewe, na sisi wengine tulikuwa kila mahali palipobaki. Munywani wangu alikuja akanishika mkono kabla ya mchezo, mkono wake una jasho. Nilimwuliza kama ana homa. Akasema ni joto. Hakupiga mluzi siku ile hata mara moja, nami niliona, nikadhani ni ukubwa wa mechi.

Kipindi cha kwanza nilimshika barabara. Kila alipokwenda nilikuwapo. Upande wetu ukafunga goli moja, na nikamwona tajiri wangu amesimama, kanzu yake imeingia vumbi, akinionyesha ishara ya mkono iliyomaanisha kile alichokitaka. Niligeuza uso.

Sasa nieleze jambo hili vizuri, kwa sababu ndilo lote. Mbele ya mtu mwingine yeyote niliingia kwenye mpira goti limekunjwa na limegeuzwa, maana mtu anayejua kuumiza anajua pia kujikinga. Sikuwahi kusahau hata siku moja, iwe mazoezini au nimelewa. Lakini kwa munywani wangu sikujikinga. Kwa nini nijikinge? Ndani ya tumbo lake mlikuwa na damu yangu. Kumwingia goti limekunjwa ingekuwa ni kumwambia simwamini, na hiyo nayo ni namna ya kuvunja kiapo. Kwa hiyo mpira ulipoanguka katikati yetu kipindi cha pili, niliingiza mguu umenyooka, wazi, kama mtu anayefungua mlango kwa ndugu.

Aliruka juu ya mpira. Njumu yake ilitua juu ya goti langu kwa uzito wake wote. Nilisikia sauti kabla ya maumivu, na sauti ilikuwa kama ya kuvunja ukuni mbichi. Nilikuwa nimelala chali nikimtazama usoni, na uso wake haukuwa wa mtu aliyekosea. Ulikuwa wa mtu aliyemaliza kazi. Naijua sura ile. Niliivaa miaka mingi.

Refa hakupiga filimbi. Mpira ulibaki kwake, akaenda nao, akafunga. Baadaye wakafunga jingine, kwa kuwa hapakuwa na beki. Kombe lilirudi Muleba juu ya lori, na honi niliisikia nikiwa hospitali.

Dresa wa vidonda alikata kiatu kwa mkasi kwa sababu mguu ulikuwa umevimba nacho hakikuvulika. Keshoye tajiri wangu alituma mtu. Nilifurahi nilipomwona, nikadhani ameleta salamu. Alikuja kuchukua njumu, akasema ni mali ya timu. Nilimwonyesha kimoja kizima na kingine vipande viwili, akavifunga vyote katika gazeti akaenda. Chumba changu kilikuwa kimekwisha kupewa mtu mwingine. Nimewahi kuumwa na nyoka, nimezika mtoto, lakini nikitaka kukasirika upesi hufikiria yule mtu akikifunga kile kiatu kilichokatwa.

Ng'ombe akivunjika guu hurudi zizini. Nilipanda Kitendaguro nimebebwa kwenye machela, na kaka yangu alinipokea bila neno baya, na huo wema wake ulikuwa mchungu kuliko matusi. Nilikalishwa kwenye pembe ya nyumba. Goti liliganda. Halikunjiki mpaka leo. Nikikaa, mguu hukaa mbele yangu kama mgeni.

Miezi ilipita ndipo munywani wangu akaja. Alikuja amevaa kofia ya dereva. Alikuwa amepewa lori, la kweli, la kudumu. Mawe alipomwona aliingia ndani akafunga mlango. Tata alikuwa amekwisha kuzeeka, haoni vizuri, lakini alimtambua kwa sauti, akamwambia aketi. Halafu akamwuliza swali moja, si kwa hasira, kama mtu anayeuliza habari za mvua.

"Mwanangu, punje ile imekuachaje ukiwa umesimama?"

Mwenzangu alivua kofia.

"Tata, sikuimeza," alisema. "Niliificha chini ya ulimi. Nikaitema kwenye migomba."

Akaeleza. Baba yake katekista alikuwa amemwapisha kwa msalaba asiguse mambo hayo. Aliona haya kutukatalia, kwa kuwa tulikuwa tumemtandikia nyasi na kumpikia. Alinipenda kweli, alisema, na alidhani upendo ulitosha, kwamba punje ni punje tu na haitahitajika kamwe. Kisha mwenye malori akamwambia kuhusu goti langu, akamwonyesha usukani. Alisema usiku wa kuamkia mchezo hakulala. Alisema alitumaini ningejikinga, kama nilivyojikinga kwa watu wote.

Hapo ndipo nilipomchukia. Kwa lile goti ningeweza kumsamehe. Niliwafanyia watu mambo kama yale, na siwezi kujifanya mtakatifu. Lakini alitumaini ningejikinga. Yaani alijua kwamba mimi niliimeza na yeye hakuimeza, alijua kwa miaka yote ile tuliyokula senene sahani moja, na hakuniambia, nami nikaingia na mguu wazi. Nilimwambia aondoke. Tata akaniinulia mkono.

"Yeye anaweza kukufukuza wewe," aliniambia. "Wewe huwezi kumfukuza yeye. Wewe uliimeza."

Nikafikiri ni maneno ya mzee. Tata alifariki kabla ya masika.

Udereva nao haukudumu. Mwenye malori alipochoka na kombe, alichoka na watu wa kombe. Lori la mwenzangu lilitumbukia mtaroni kwenye mteremko wa kuelekea Muleba, akaambiwa arudishe kofia. Katekista alikuwa amekufa, na misheni ilimpa nyumba katekista mwingine. Asubuhi moja nilikuwa nimekaa mlangoni, mguu mbele yangu, nikamwona anakuja katikati ya migomba na sanduku la bati kichwani. Kaka alimwona pia, akashika panga, si la kumkata bali la kumtishia, akaniambia niseme neno moja tu naye atamrudisha barabarani.

Mwenzangu alisimama mbali kidogo. Hakuomba msamaha. Alisema hana pa kulala.

Nilikuwa na maneno mengi. Nilikuwa nimeyaandaa tangu hospitali. Nilifungua kinywa, na lililotoka ni kumwambia kaka aweke panga chini. Nilimgawia nusu ya pembe yangu ya nyumba, ile ambayo mwenyewe nilipewa kwa huruma. Nilimpa chakula kabla sijala, kwa sababu ndivyo ilivyosemwa. Kaka alisema goti lilivunjika na akili pamoja nalo, na watu wa Kitendaguro walisema mimi ni mtu mwema sana. Hawakujua kitu. Sikuwa na wema wowote moyoni. Nilikuwa nimefungwa, na mwenzangu alikuwa huru, na tulilala tumepakana migongo kama kule Bumbire.

Alikaa mpaka senene walipofika, kisha akapata kibarua Bukoba, akaenda. Siku zote alizokaa, kila asubuhi nilimpa kahawa kama mgeni anavyopewa, punje moja moja mkononi mwake. Wengine hutafuna. Yeye nilimtazama koo mpaka ameze.